Saa ya Mueni Katika Picha ya Kihindi

Nimerudi juzi kutoka Kitui kumzika Mueni, na majirani wanaokuja kunipa pole wananiuliza alikuwa nani yangu. Si ndugu, si wifi, si kabila langu, wala dini yetu haikuwa moja. Tulilala kitanda kimoja cha ghorofa, yeye chini mimi juu, muda usiotimia mwaka, katika chumba cha kupanga pale Naif, Dubai, zamani hizo treni ya mjini bado haijajengwa na simu yenye kamera ni kitu cha kuazimana ili ujipige picha ya kutuma nyumbani. Nimeishi miaka mingi kabla ya mwaka ule na mingi baada yake, na karibu yote imenitoka kichwani bila hata kuaga. Huo mmoja umekataa. Naweza kukwambia Jumatatu tulikula nini. Mimi ni mtu wa mdomo, kila anijuaye atakuthibitishia, sipiti mahali nisiache neno. Lakini sentensi moja niliyotakiwa kuisema mwaka ule niliimeza, na ndiyo ninayoiandika hapa kabla sijaanza kujitetea.

Chumba chetu kilikuwa ghorofa ya tatu, juu ya maduka ya mabegi na mablanketi. Wanawake sita, vitanda vitatu vya ghorofa, kila kitanda kimezungushiwa khanga kuwa pazia, na kabati moja la chuma ambalo mlango wake ulilia kila ukifunguliwa. Ukuta wa upande mmoja ulikuwa wa mbao nyembamba, na nyuma yake walipanga wafanyabiashara kutoka Dar na Mombasa waliokuja kununua mali. Mchana kutwa unasikia gundi ya karatasi ikivutwa, krrr, wanafunga maboksi na kugombana kuhusu kilo. Aliyetupangisha alikuwa Bi Rukia, Mzanzibari aliyekaa Dubai tangu ujana wake, mwanamke mnene wa sauti ya taratibu, aliyepika kwa jiko la umeme la sahani mbili na hakutaka mtu aguse mwiko wake. Ijumaa alitupikia wali wa nazi ya kopo na mchuzi wa changu, akatuketisha chini kwenye mkeka wa plastiki, Waislamu na Wakristo, Wakenya kwa Watanzania, na ole wake atakayekula kwa haraka. "Kula taratibu, mwanangu," atakwambia, "hapa hapana anokukimbiza." Mueni alipenda kumwiga akiwa hayupo, na alimwiga vizuri mpaka tukalia kwa kicheko.

Mueni alikuwa mlinzi katika jengo la ofisi, zamu ya mchana, saa kumi na mbili asubuhi hadi kumi na mbili jioni. Mrefu, mweusi wa kung'aa, sare yake imepigwa pasi mpaka mikunjo inakata. Mimi ovyo, yeye nadhifu, na tulipendana hivyo hivyo. Alinicheka Kiswahili changu. "Nyinyi Watanzania," alisema, "mtu akitaka chumvi anaanza kuuliza habari za watoto." Alikuwa na kijidroo cha plastiki kando ya mto wake, na juu ya kijidroo, kwenye kitambaa cheupe cha kufuma, ilikaa saa ya mezani ya kutia ufunguo, nyekundu, yenye kengele mbili juu, na ubavuni rangi imebanduka mahali ilipowahi kuanguka. Ilikuwa ya mama yake. Mama alipofariki wengine walichukua shamba na mbuzi, Mueni akachukua saa, na mdogo wake Mwikali, aliyezungumza naye kila Ijumaa kwa kadi ya simu, bado alimtania kwamba alipunjwa. Siku ya kwanza nilipohamia aliniambia, "Zube, kitu yangu yote unaweza shika. Hiyo saa, wachana nayo. Tuko sawa?" Nikamwambia tuko sawa. Nilimaanisha.

Kampuni yangu ya usafi ndiyo iliyonipeleka Al Mankhool, kwenye fleti ya ghorofa ya nne iliyokodishwa na watu wa sinema kutoka Bombay. Mimi niliyekulia kwenye picha za Kihindi, za mvua na mapacha waliopotezana, nilidhani nitaona watu wakicheza. Wapi! Hakukuwa na wimbo hata mmoja. Ilikuwa picha ya kutisha isiyo na jini wala damu. Bibi harusi kaletwa Dubai, anashinda ndani peke yake, na vitu vyake vinasogea. Leo saa ipo huku, kesho kule. Anamwambia mume, mume anacheka. Anamwambia wifi yake anayekaa nao, wifi anamkumbatia na kumpikia chai. Kidogo kidogo anaanza kuamini kwamba kichwa chake kimeharibika. Madirisha yote ya fleti yalifunikwa vitambaa vyeusi, ikawashwa taa ya buluu, na saa tatu asubuhi, nje jua likichoma lami, mle ndani tulikuwa na usiku wa kutengeneza. Ukitoka kwenda kumwaga takataka unapigwa na mwanga mpaka unashika ukuta.

Mwongozaji tulimwita sir, kama tulivyomwita kila mwanamume mwenye mamlaka. Mtu mdogo, mwembamba, alinyonya peremende za kikohozi na hakupaza sauti hata mara moja. Kazi yangu ilikuwa chai na ufagio. Lakini picha haipigwi kwa mfululizo, hilo sikulijua. Leo wanapiga mwisho, kesho mwanzo, keshokutwa wanarudia cha leo, kwa hiyo kila kitu lazima kirudi palepale kilipokuwa, la sivyo mtazamaji atashtuka bila kujua kwa nini. Na katika picha ile, ambayo habari yake yote ni vitu kusogea, kosa la kidole kimoja lilikuwa kosa kubwa. Vinod bhai, mshika vifaa, alipiga picha zile za kutoka papo hapo na kukaukia mkononi, akazibandika ukutani. Mimi sikuzihitaji. Siku moja napita na sinia nikasema, kwa Kihindi changu cha jikoni, kwamba kikombe kimeenda kushoto. Wakapima na picha. Kweli! Sir akaniangalia kama ndiyo kwanza naingia mlangoni. Kuanzia siku hiyo, kabla kamera haijawaka, alikuwa akiuliza, "Zubeda?" na watu arobaini wanasimama kimya, na madam, yule mwigizaji mwenyewe, anabana pumzi, wananingoja mimi mfagiaji niseme khalas, yaani tayari. Hakuna aliyewahi kuningoja mimi kwa lolote. Kichwa kilinivimba, siwezi kuficha.

Saa ya kitandani kwa bibi harusi, Vinod bhai alinunua mpya. Sir akaigeuza geuza akamrudishia. "Hii haijaishi na mtu," alisema. Akaletewa nyingine, na nyingine, soko zima la Naif. Zote zinang'aa, zote hazijaishi na mtu. Nikafungua mdomo wangu huu. "Mimi naijua saa iliyoishi na mtu, sir." Laiti ningeuma ulimi.

Nilijiambia ni siku moja tu. Asubuhi Mueni alipokwenda zamu niliifunga saa kwenye taulo, na kitambaa chake pia, nikavuka hori kwa abra, ile boti ndogo ya abiria, nimeipakata. Sir aliipokea kwa mikono miwili. Aliipenda mpaka pale rangi ilipobanduka, akaamuru kamera iisogelee hapo. Katika kisa chao ilikuwa saa tisa na dakika kumi ya usiku, kwa hiyo nikaisimamisha kwenye tisa na kumi, Vinod bhai akabandika vipande vya gundi nyeusi mezani kuonyesha miguu ilipo, tukafanya kazi. Jioni nikairudisha, nikaitia ufunguo, nikaiweka majira. Mueni hakujua. Kesho yake sir anauliza, "Saa iko wapi?" Nikamwambia nimeirudisha kwa mwenyewe. Vinod bhai alinicheka, halafu akaona sitanii. "Dada," akasema, "kitu kikishaingia kwenye picha hakitoki mpaka picha iishe."

Utaniuliza kwa nini sikumwomba Mueni. Nimejiuliza hivyo kwa miaka. Siku ya kwanza ningeomba, angekataa. Siku ya pili, kuomba kungekuwa kukiri ya jana. Siku ya tano nilikuwa na siku nne za kukiri. Ndivyo ilivyokwenda, wiki ya kwanza, ya pili, ya tatu, kila siku ya kupiga picha za chumba cha kulala naichukua asubuhi, naibeba kwenye taulo, narudi nayo saa kumi na moja, naiweka kabla yeye hajafika. Siku moja moja nilichelewa na kuharakisha. Mara ikabaki nyuma dakika ishirini. Mara nikasahau kabisa, Mueni akaikuta imesimama tisa na kumi. "Zube, umeshika saa yangu?" "Mimi? Niishike ya nini?" Nilijibu haraka, na uso mkavu. Siku nyingine akaigeuza akakuta kipande cha gundi nyeusi chini ya mguu. Akakiweka kiganjani, akanionyesha. Nikamwambia labda kimepita kutoka kwa wale wa maboksi. "Kimepitaje ukuta?" akauliza. Nikacheka. Yeye hakucheka. Akainusa saa, akasema inanuka poda, na ndani ya chumba kile hakuna aliyepaka poda.

Kisha akaanza kuichunga. Alishona kwa uzi wa buluu, kwenye kile kitambaa cha mama yake, alama mbili mbili pale miguu inapokaa. Niliziona, nikawa nairudisha juu ya alama sawasawa. Akang'oa unywele wake mmoja akaufunga kutoka kengele moja hadi nyingine. Huo sikuuona. Jioni akaukuta umekatika, akanionyesha. Akaacha kula na sisi mkekani, anakula kitandani akiwa ameishika saa mapajani. Akawa na daftari, anaandika majira aliyoondoka, majira aliyorudi, saa ilikuwa inasemaje. Mbele yetu alijikaza. Alipiga pasi sare mara mbili, alitabasamu, alisema "niko sawa, niko poa" kabla mtu hajamuuliza. Bi Rukia alifukiza ubani pembe nne za chumba. Mimi nilikohoa na kusema moshi umezidi.

Sasa sikiliza hili, maana nililifanya bila mtu kunilazimisha. Siku moja madam alikuwa hapati pale pa kuogopa. Alipiga kelele, akajivuta nywele, sir akatikisa kichwa. Akamwambia kwa upole, nami nipo na sinia, "Usicheze mwendawazimu. Cheza mtu anayejitahidi sana aonekane mzima." Madam akauliza, mtu kama huyo anafanya nini kwa mikono yake? Sir akageukia zile picha za ukutani. Jibu nilikuwa nalo mimi. Nikasema kuna mtu hushona alama za uzi chini ya saa, halafu hufunga unywele kwenye kengele, halafu hutabasamu kabla hajaulizwa. Sir aliacha kunyonya peremende yake. Nikaagizwa kuleta sindano na uzi. Madam alikaa ukingoni mwa kitanda akashona kwenye kitambaa kingine cha kufanana, akang'oa unywele wake mwenyewe, akaufunga, akatabasamu mlangoni ambako hapakuwa na mtu, na mle ndani hata mafundi wa taa walisahau kutafuna. Nilimwona Mueni mzima mzima, kwenye sura ya mwanamke mwingine. Baadaye madam alinifuata jikoni. "Huyo mtu unayemjua," akaniuliza, "yuko salama?" Nikamwambia yuko salama, madam. Akaendelea kunitazama kidogo, kisha wakamwita.

Siku hiyohiyo nilimuuliza sir nani anayesogeza vile vitu, maana mwisho alikuwa hajatuonyesha. Nilisema bila shaka ni mume. Akatabasamu. Mume watamshuku mapema, alisema. Ni wifi. Anampenda kweli, lakini kosa la kwanza lilimponyoka, akaogopa kulisema, na baada ya hapo hakujua pa kusimama. Nilirudi Naif nimebeba taulo langu. Nikala yamini kwamba jioni ile nitasema. Kumbe jioni ile ilikuwa ya maombi. Wanawake watatu wa kanisa la Mueni walikuja, watu wema, wamevua viatu mlangoni, wakamweka katikati wakamshika kichwa, wanaikemea roho ya kuchanganyikiwa imtoke. Mueni alinyoosha mkono akautafuta wangu. "Zube, na wewe nishike," akasema. Nikamshika. Machozi yakanitoka, yeye akanibana vidole kunifariji, mimi! Na wao walipomaliza, nami nikaitikia amina. Bi Rukia alinisogelea jikoni nikiosha vikombe. "Zubeda, wewe wajua kitu." Nikamwambia sijui kitu. Akafuta mikono yake. "Haya," akasema, "ni wewe na Mola wako."

Siku ya mambo kuharibika Mueni aliacha lindo lake mchana. Mlinzi kuacha lindo, kila aliyefanya kazi ile anajua maana yake. Alikimbia mpaka Naif, akapanda ngazi, akafunua khanga, akaona kijidroo kitupu. Hatimaye ana ushahidi! Akampigia msimamizi wake mwenyewe kwa furaha na kilio, kwamba kuna mtu anamwibia, si kichwa chake, njoo uone. Msimamizi akamwamuru arudi kazini, atakuja naye jioni. Hayo yote mimi sikuyajua. Nilitoka Al Mankhool saa yangu ya kawaida, nikaitia ufunguo, nikaiweka majira dakika kwa dakika, nikaweka kila mguu juu ya alama zake. Sijawahi kurudisha kitu mahali pake vizuri kama siku ile. Saa moja wakaingia: Mueni mbele, macho yanawaka, na nyuma yake msimamizi, Mnepali mpole aliyevua kofia kwa heshima ya chumba cha wanawake. Mueni akafunua pazia kwa nguvu. Saa ipo. Inagonga, tik tik, wala haijakosea. Nilitegemea atapiga kelele. Hakupiga. Aligeuka akaniangalia mimi, kwa imani yote aliyonayo, akauliza kwa sauti ndogo, "Zube, si wewe ndiwe hufika kwanza? Uliikuta hapa?"

Hapo ndipo penyewe. Nilikuwa na neno moja tu la kusema. Nikasema, "Niliikuta ipo."

Nimejipa sababu nyingi tangu siku ile. Kwamba ningeitwa mwizi na kufukuzwa nchini. Kwamba msimamizi asingeelewa. Uongo mtupu. Ukweli ni mdogo na mbaya zaidi: zilikuwa zimebaki siku mbili za chumba cha kulala picha iishe, nami nilitaka iishe na mimi nipo, nikiulizwa nijibu khalas. Na hizo siku mbili nazo hazikunifaa kitu. Mueni alisimamishwa kazi, akashinda kitandani na saa kifuani, nisingeweza kuigusa. Nilikwenda kwa sir, nikamwambia saa haipatikani tena. Akachukua moja ya zile mpya za Vinod bhai, akaivunja sakafuni, akapiga picha vipande kwa mbali gizani, kana kwamba bibi harusi ameivunja mwenyewe. Ilimchukua dakika kumi. Siku yoyote ya wiki zile, kama ningefungua mdomo, ingekuwa dakika kumi.

Daktari wa kampuni alimpa vidonge na karatasi ya kumtaja mgonjwa wa akili, na karatasi ikafanya yake. Visa ikafutwa, tiketi ikakatwa. Nilimsindikiza mimi hadi uwanja wa ndege. Alikuwa amevaa gauni la kanisani, amechana nywele vizuri, anatembea polepole kwa sababu ya dawa. Pale pa kuagania, watu wakitupita na mikokoteni, nilimshika mabega nikasema yote. Picha ya Kihindi, taulo, abra, gundi, unywele, nikasema na ule uongo wa mbele ya msimamizi. Nilisema kwa haraka na kwa kilio, sijui nilieleweka vipi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Halafu akanipangusa shavu kwa kiganja. "Aki wewe, Zube," akasema. "Uko tayari hata uitwe mwizi, bora mimi niende na amani." Nikamwambia wallahi ni kweli, naapa. "Usiape. Nilikuona ukilia siku ya maombi. Mtu mwizi halii hivyo." Nikaanza tena, akanizuia. "Nimekubali niko mgonjwa. Imenichukua nguvu mingi kukubali. Tafadhali usinirudishe nyuma." Akanikumbatia, akaenda, na sikumwona tena akiwa hai.

Picha ilitoka. Nilinunua diski yake barabarani Naif, nikaitazama peke yangu kwenye video ya Bi Rukia. Saa ile ipo, na ule ubavu uliobanduka, unaonekana kama unavyokiona kidole chako. Uzi wa buluu upo. Unywele upo. Nilikuwa na ushahidi mkononi, ambao Mueni asingeweza kuukataa. Mara mbili niliitia diski kwenye bahasha, nikaandika anwani, na mara zote mbili nikaitoa. Nikimpigia, sauti yake ilikuwa nzito, ananiambia dawa zinamlaza, kwamba watu wa kwao wanamwita yule wa Dubai, kwamba mchumba aliyekuwa akimngoja kwao alioa mwingine lakini hana kinyongo. Nami nikajifunika kwa maneno yake mwenyewe: amekubali, nisimrudishe nyuma. Unaona nilivyo? Hata huruma niliitumia kujificha. Ikapita miaka hivyo, mpaka figo, zilizochoshwa na dawa, zikamshinda.

Kitui nilipokewa kama mtu wa nyumbani. Baada ya mazishi Mwikali alinikalisha sebuleni, mbali na wageni waliokuwa wakila uani. Sasa ni mama mtu mzima, ana urefu wa dada yake. Alinishukuru. "Alikuwa anasema watu wote wa Dubai walimwita wazimu, isipokuwa wewe," akaniambia. "Ati wewe ulitaka hata kujisingizia." Hapo nikashindwa. Nilikuwa na ile diski mkobani, sijui niliibeba kwa nia gani, nadhani nilitaka mtu anihukumu nipumzike. Nikaomba kompyuta ya wanawe, nikamweleza kila kitu, nikamwonyesha. Kamera ilipoisogelea saa, Mwikali alisema, "Hiyo ni ya mama." Akatazama yule mwanamke akishona, akifunga unywele, akitabasamu mlangoni. Alitazama mpaka mwisho wa kipande kile bila kupepesa.

"Kwa hivyo hakuwa mgonjwa," akasema.

"Hakuwa."

Nilingoja anitukane. Ningeshukuru. Lakini hakuwa ananitazama mimi. Alikuwa ameitazama mikono yake, ameiweka magotini.

"Tembe zake nilikuwa nampa mimi," akasema. "Asubuhi na jioni, miaka yote. Siku zingine alikuwa anakataa. Ananiambia, Mwikali, mimi sina ugonjwa, haki ya Mungu sina. Namfinya pua mpaka ameze."